Msimwage Tamu Mlangoni kwa Mwalimu

Jerusa Aluoch alikuwa jikoni akichuja chai Nelvine alipobisha hodi, na kwa kuwa jua lilikuwa linakaribia kuzama, aliteremsha vikombe vitatu. Kimoja chake, kimoja cha mgeni, na kimoja cha mumewe Omollo, ambaye alikuwa amekufa tangu mwaka wa fujo na ambaye hakuwahi kuchelewa chai.

Nelvine alikwangua matope ya viatu mlangoni, akaingia na kompyuta kifuani akiikinga na mvua. Jerusa alikuwa amemfundisha Kiswahili katika shule ya msingi ya shamba la chai. Baadaye alikwenda Nairobi kusomea filamu, na sasa alikuwa amerudi na kamera na wazo. Wazo lenyewe lilikuwa kuligeuza shairi la mwalimu wake liwe filamu. Shairi hilo, "Majani Mabichi", lilikuwa la kupinga vita, na watoto wa Kericho na Bomet walikuwa wamelikariri katika mashindano ya shule miaka nenda miaka rudi, wakiinua mikono penye neno "machozi" na kuishusha penye neno "kaburi". Nelvine mwenyewe alilikariri akiwa darasa la sita, akashika nafasi ya pili, na bado ilimuuma kidogo.

"Madam, watu wa siku hizi hawakai chini na shairi," alisema. "Wako kwa simu. Lazima shairi litembee. Likuwe na muziki, likuwe na drone."

"Litembee liende wapi?"

Mlango ulisukumwa. Omollo aliingia na ovaroli yake ya kiwandani, ile ya fundi wa mashine za kukausha chai, akavuta kiti chake cha siku zote karibu na mlango. Mizizi myembamba ya chai ilikuwa imeota kwenye kola. Jerusa huikata kwa makasi kila Jumamosi, lakini hii ilikuwa Alhamisi.

"Shikamoo, baba," Nelvine alisema.

"Marahaba. Wewe ni wa nani?"

"Wa Rodah, wa Kaplong. Yule wa maziwa."

"Ah! Mamako alituuzia maziwa nzuri sana. Hakuwa anaongeza maji."

"Siku hizi anaongeza kidogo."

Omollo alitikisa kichwa kwa huzuni na kuipokea chai yake. Jerusa akasema sharti lake kabla mgeni hajafungua kompyuta. Shairi angelitoa bure, asidai hata ahsante. Lakini kampuni ya chai ikikubali kuidhamini filamu, basi nayo imruhusu amtoe mume wake kwenye chai.

Omollo alitazama ndani ya kikombe. Hakupenda kuzungumziwa akiwepo.

Alikuwa amelala nyuma ya nyumba, upande wa pili wa ua, katika kipande cha chai cha kampuni kinachopakana na mfereji. Kila mtu alijua, kwa sababu mwenyewe alikuwa amewaonyesha mstari wa chai alipolala. Tatizo halikuwa kumpata. Tatizo lilikuwa kwamba juu yake palikuwa na chai iliyokomaa, na chai iliyokomaa haing'olewi hivi hivi. Jerusa alikuwa amewaona mameneja wote waliopita pale, mmoja baada ya mwingine, na kila mmoja alimpa pole ya kweli na kumwambia arudi baada ya kupogoa.

Nyumbani kwa Omollo ni kule ziwani, na Mjaluo huzikwa kwake. Ukoo ulingoja, ukachoka, ukashauri lizikwe yago, lile tunda refu la porini linalozikwa badala ya mtu ambaye mwili wake haukupatikana. Jerusa alikataa. Aliwaambia hawezi kuzika tunda badala ya mtu ambaye jana tu amelalamika kwamba maziwa ni machache. Ziara za mumewe hazikumsumbua. Kilichomsumbua ni kurudi kwake. King'ora cha zamu ya jioni kikilia, Omollo husimama, hufunga vifungo vya ovaroli, na kurudi kwenye chai, ambako ni baridi na maji ya mfereji humwingia mgongoni. Alikuwa ameanza kukohoa. Hilo Jerusa hakulizoea. Kila jioni lilimuuma upya, na alitaka likome kabla hajafa yeye.

Kuhusu jioni yenyewe ya mwaka wa fujo za kikabila, hakuna mengi ya kusema ambayo hayamo katika shairi. Omollo alikuwa anatoka kazini. Kundi lilimkuta hatua chache kutoka mlangoni kwake. Jerusa alikuwa ndani, amezima taa, amemziba mdomo binti yao Celine kwa kiganja. Alisikia watu wengi wakihema, kisha sauti moja ikasema kwa utulivu:

"Msimwage tamu hapa, mlangoni kwa mwalimu. Mpelekeni kwa chai."

Sasa, kwa Wakipsigis wengi, wenyeji wa pale, d na t ni mtu mmoja mwenye mashati mawili. Jerusa alitumia maisha yake yote ya kazi kuwatenganisha hao wawili. Aliandika ubaoni "damu" na "tamu", akawapanga watoto mstari, kila mmoja na vidole kooni, waisikie d inavyotetema na t inavyonyamaza. Wengi waliipata. Wachache hawakuipata kamwe, naye akawapenda hivyo hivyo. Kwa hiyo jioni ile gizani alijua jambo moja kuhusu mwenye sauti: alikuwa ni mwanafunzi wake. Ila waliosema "tamu" walijaza madawati, na huwezi kushitaki dawati.

Omollo naye hakuweza kusaidia. Alipigwa kwa nyuma, nyuso zilikuwa zimepakwa masizi, na marehemu, tofauti na watu wanavyodhani, hawaongezewi habari.

Nyumba haikuchomwa. Jerusa aliporudi kutoka ziwani, alikokimbilia na Celine, hali ilipotulia, alikuta hata mapazia yapo, na Omollo amesimama mlangoni akingoja afunguliwe. Mwaka uliofuata aliandika shairi. Alipofika penye ile sentensi aligundua kwamba ilikuwa na mizani kamili, nane kwa nane, bila kuguswa. Aliyeitamka alikuwa amesikiliza darasani. Akaiweka kama ilivyo:

*Msimwage damu hapa, mlangoni kwa mwalimu,*
*Mpelekeni kwa chai, chai haina hukumu.*

Vina vya kati havikukubaliana, na hakuvilazimisha. Kitu kimoja tu alikibadilisha, kwa mazoea ya kalamu nyekundu, bila hata kufikiri. Alisahihisha t ikawa d.

*

Bwana Omariba, afisa wa mahusiano wa shamba, alilisoma shairi akiwa amesimama, akavua miwani, akaifuta. Alikuwa mtu mpole, mwenye tai nyembamba na mtungi wa maua ofisini. Alisema kampuni ingeona fahari kudhamini sanaa ya kupinga vita. Iliomba tu filamu iwe ya kisasa, isitaje mwaka, isitaje mahali, isitaje jamii yoyote, isionyeshe panga, mshale wala nyumba inayoungua, na vita vyenyewe viwe vya jumla.

"Nani atakuwa anapigana na nani?" Jerusa aliuliza.

"Watu ambao hawajaelewana, mwalimu."

"Na mume wangu?"

"Hilo nitalipeleka juu."

Juu, katika lugha ya ofisi za chai, ni mahali ambapo mambo hupelekwa. Njia ya kushukia haijulikani sana. Lakini Omariba aliinamisha kichwa alipolisema, na Jerusa, ambaye wengine wote walikuwa wamemwambia arudi baada ya kupogoa, aliona hiyo ni hatua.

Nelvine aliandika mswada wake kwa bidii ya kweli. Alimpenda mwalimu wake, na alilipenda shairi kwa namna mtu anavyolipenda gauni la mama yake: alitaka kulivaa, lakini lipunguzwe kwanza. Vita viligeuka dansi. Makundi mawili ya vijana, moja na mashuka ya kijani na jingine na mashuka meupe, yangesukumana katikati ya chai huku drone ikipiga picha kutoka juu. Damu ingekuwa vitambaa vyekundu, mpaka Omariba aliposema kwamba nyekundu ina siasa, ikawa rangi ya machungwa.

Siku alipokuja kumsomea Jerusa mswada, beti nyingi zilikuwa zimeondoka. Ule mstari wa mlangoni ulikuwepo, na kwa kweli ulikuwa umepandishwa cheo. Sasa ndio uliokuwa kilele. Katikati ya dansi angetokea mtu mzima, mwenye sauti nzito, anyooshe mkono na kusema, "Msimwage damu hapa, mlangoni kwa mwalimu!" Mashuka yangeanguka chini, watu wangekumbatiana, jua lingechomoza.

"Na mstari unaofuata?" Jerusa aliuliza. "Mpelekeni kwa chai?"

"Huo tumetoa, madam. Sponsa hataki chai iingizwe kwa hiyo story. Na pia ulikuwa unaharibu mood."

"Nelvine. Huyo mtu hakuwa anazuia. Alikuwa anahamisha."

Mvua ilipiga mabati. Kwenye kiti chake Omollo alikohoa.

"Najua, madam," Nelvine alisema taratibu. "Lakini watu wanataka matumaini. Ukiwapa hiyo ingine watasonga mbele tu kwa simu, wataona video ya paka. Si afadhali waone nusu?"

Jerusa alimtazama mumewe, aliyekuwa akipapasa kifua. Jambo lao lilikuwa limefika juu; Omariba alikuwa amepiga simu kusema hivyo. Nusu ya mstari kwa mume mzima, alijiambia, si biashara mbaya. Akasema sawa.

*

Waigizaji walitafutwa katika ukumbi wa wafanyakazi Jumamosi asubuhi. Vijana walijitokeza wengi, na wazazi wao pia, ila kulikuwa na shida ndogo: wote walitaka kuwa wahanga. Nelvine alieleza kwamba dansi ina pande mbili. Walielewa, wakaitikia kwa kichwa, wakabaki upande wa wahanga. Kwa kuwatazama tu ungeamini kwamba mwaka ule eneo lote halikuwa na mshambuliaji hata mmoja, na kwamba watu walikuwa wamejiumiza wenyewe kwa uzembe.

Omollo alisikia habari hizo kwenye chai na jioni iliyofuata alileta wenzake. Walitoka katika vipande mbalimbali vya chai, wengine kwenye mitaro ya barabara, na mmoja alikuwa amefuata reli kutoka Kipkelion. Walijipanga nyuma ya ukumbi bila kusukumana. Hawakudai chakula cha mchana, hawakudai nauli, na hawakuchagua upande. Nelvine alifurahi sana, akahamisha kazi yote iwe jioni. Walikuwa na kasoro moja tu: walitazama kamera. Aliwaomba wasitazame, wakajaribu, lakini macho yao yalirudi pale pale kwenye lenzi na kutulia, kila mmoja kana kwamba anamtafuta mtu fulani upande wa pili. Baadaye ilibidi wakatwe kwenye filamu wote.

Aliyebaki kutafutwa alikuwa mwenye ule mstari wa kilele, ambaye katika mswada aliitwa Sauti ya Utu. Mzee Kipkurui alijitolea mwenyewe. Alikuwa mwenyekiti wa kamati ya amani, mzee wa kanisa, na mfugaji mwenye ng'ombe wazuri kupita wote upande ule. Sauti yake ilisikika bila kipaza sauti kwenye harusi na mazishi. Shairi lenyewe hakulijua; alikuwa ameacha shule kabla halijaandikwa, na watoto wake walisoma bweni. Alipewa karatasi yenye mstari mmoja tu, akaiweka ndani ya Biblia.

Onyesho lilipigwa mlangoni kwa Jerusa, kwa sababu Nelvine alitaka mlango wenyewe. Kipkurui alimsalimia mwalimu wake kwa mikono miwili, akamuuliza habari za Celine. Walio hai walisimama mbele na mashuka, waliokufa nyuma. Mtu wa kamera alipunga mkono.

"Msimwage tamu hapa, mlangoni kwa mwalimu!"

"Kata," Nelvine alisema. "Mzee, vizuri sana. Lakini ni *damu*."

"Ndiyo. Tamu."

"Da."

"Ta."

Walirudia, na kila mara ilitoka tamu. Vijana wa mashuka walianza kucheka. Mwanga wa mwisho ulikuwa unapotea, na Nelvine akaona njia moja tu. Alimwomba madam asaidie kidogo, kama zamani darasani.

Jerusa alitoka nje akipangusa mikono kwa aproni. Alimsogelea Kipkurui, ambaye alikuwa amenenepa tangu siku za dawati la nyuma, akaweka vidole vyake kooni mwake, mahali pale pale alipowashika watoto wote. "Sema polepole," alimwambia. "Ukifika kwa d, mimi nitasikia hapa."

Kipkurui alifumba macho, akajitahidi. Akausema mstari si kwa kupaza sauti tena bali kwa utulivu, kama mtu anayewatuliza wengine. Alivuta pumzi baada ya "hapa", penye mkato, alivyofundishwa. Na alipofika mwisho hakukoma, kwa kuwa mdomo ulikuwa unaijua njia.

"Msimwage tamu hapa, mlangoni kwa mwalimu. Mpelekeni kwa chai. Pale kwa mfereji."

Habari ya mfereji haikuwemo katika karatasi yake, wala katika shairi.

Chini ya vidole vya Jerusa hakuna kilichotetema. Nyuma ya kundi Omollo aliinua mkono, kama mtoto anayejua jibu.

"Ndiye," alisema. Kisha akakohoa, akaomba radhi kwa mtu wa kunasa sauti.

Kipkurui alifumbua macho. Hakuonekana kushtuka, wala kuona aibu. Zaidi, alionekana kupumua kwa nafuu.

"Kwani mwalimu hukujua?" aliuliza. "Ni mimi. Vijana walitaka kumalizia hapo hapo kwa mlango yako. Nikawaambia hapana, huyu ni mwalimu wetu, ametufundisha kusoma. Nikakataa kabisa. Hata nyumba, wakitaka kuchoma, nikasimama mbele. Mimi nilikuheshimu sana mwalimu. Miaka hii yote nimengoja useme tu ahsante, nikaona pengine umesahau."

Vijana wa mashuka waliitikia kwa kichwa, maana ni kweli heshima ni kitu kikubwa. Mtu mmoja akasema, "Mungu akubariki, mzee." Mtu wa kamera aliuliza kama aendelee kurekodi.

Jerusa alikuwa bado ameshika koo. Alitaka kulibana. Hakuna haja ya kuficha jambo hilo. Alitaka kulibana mpaka litoe d. Vidole vilikuwa vidole vya mwalimu mstaafu lakini vilikuwa na miaka mingi ya chaki ndani yake. Alifikiri juu ya ofisi ya Omariba, na jambo lililokuwa juu, na jinsi filamu ikisimama nalo lingesimama huko huko. Alimtazama Omollo kule nyuma, ovaroli imelowa mgongoni. Akashusha mkono.

"Ahsante, Kipkurui," alisema. "Nelvine, mtoto wangu, endelea. Mwanga unaisha."

*

Alikwenda kituo cha polisi, bila shaka. Afisa aliyemkuta alimsikiliza kwa adabu, akamletea kiti, akasema ushahidi ni mzuri lakini mlalamikaji halisi ni marehemu, na ni vyema aje aandikishe maelezo mwenyewe. Omollo alikuwa tayari. Alichana hata nywele. Lakini maelezo ya kesi za zamani huandikwa mchana, na Omollo hawezi kutoka kwenye chai kabla ya jua kuzama, kwa hiyo jalada likabaki linamngoja. Afisa alisema kwa upande wao hawana haraka.

Nelvine aliihariri filamu kwa wiki kadhaa. Kuna siku alimpigia Jerusa simu akilia, akasema anataka kurudisha mstari wa pili, kwamba anausikia akilala. Jerusa alimwambia angoje kwanza, walio juu wajibu. Siku iliyofuata Omariba alizitazama picha, na aliposikia "tamu" alimwomba Nelvine arudishe nyuma asikie tena. Alikuwa na macho ya mtu aliyeokota kitu barabarani.

"Hiyo isiguswe," alisema. "Hiyo iacheni hivyo hivyo."

Ndivyo filamu ilivyopata jina lake. "Majani Mabichi" lilionekana la huzuni. Ilizinduliwa mjini Kericho kwa jina la *Usimwage Tamu*, katika ukumbi uliopambwa kwa majani ya chai, na kila aliyeingia alipewa kikombe. Ilikuwa nzuri. Mtu asiseme haikuwa nzuri. Vilima vilipendeza kutoka juu, mashuka yalipepea, na Kipkurui aliponyoosha mkono mlangoni watu wazima walilia, akiwemo Rodah mama yake Nelvine, ambaye hakuwa mtu wa kulia ovyo. Waliambiana wakitoka kwamba ujumbe umeingia: vita ni vibaya, amani ni tamu, na chai pia.

Kipkurui alipewa ngao ya Balozi wa Amani. Alipanda jukwaani, akamtafuta Jerusa kwa macho kati ya wageni wa heshima, akasema kila alicho nacho amefundishwa na mwalimu wake. Makofi yalikuwa makubwa. Jerusa alisimama kidogo, kama inavyotakiwa, akaketi.

Baada ya hapo maneno hayo yalikuwa kila mahali. Yalikuwa kwenye pakiti za chai, kwenye ukuta mrefu pale stendi ya Kericho, kwenye redio kabla ya taarifa ya habari, kwa sauti ya Kipkurui mwenyewe. Watoto shuleni waliacha kulikariri shairi, wakawa wanaigiza tangazo. Nelvine alipata kazi nyingine mbili na mchumba. Alikuja kumtembelea Jerusa akiwa amevaa vizuri, akakaa kwenye ukingo wa kiti.

"Madam, pole," alisema. "Lakini imefika mbali sana. Hata Uganda wanaiona."

"Ni vizuri, mtoto wangu," Jerusa alisema, na alimaanisha kwa kiasi alichoweza.

Mwishowe jambo lake lilishuka kutoka juu. Omariba alilileta mwenyewe, kwa miguu, amebeba mwavuli na keki. Alieleza kwamba kwa sababu ya mapenzi ya watu kwa filamu, kampuni imekitangaza kile kipande cha chai nyuma ya nyumba kuwa Bustani ya Amani. Wageni wangekuja kupiga picha pale. Kwa hiyo, na hapa aliishusha sauti kwa furaha, hakuna mti hata mmoja wa chai ambao ungewahi kung'olewa pale, milele. Hata kupogoa kungefanywa kwa mkono. Mzee Omollo angelala salama kuliko mtu yeyote katika wilaya nzima.

Jerusa alimkatia keki. Hakujua afanye nini kingine na mikono yake.

Wiki hiyo hiyo walikuja mafundi kusimamisha kibao. Siku nzima alisikia sululu upande wa pili wa ua, na alipochungulia mchana aliona herufi kubwa za kijani: HAPA NDIPO TAMU HAIKUMWAGIKA. Kalamu nyekundu ilikuwa mfukoni mwa aproni yake. Ingetosha kuifanya T kuwa D, lakini sentensi ingekuwa bado ni ya uongo, na kusahihisha uongo ukae vizuri ndiko kulikomfikisha pale. Aliingia ndani akapasha maziwa.

Jua lilipozama Omollo alikuja. Alitembea kwa upande, na alipoketi hakuegemea.

"Wamechimba leo," alisema.

"Nimesikia. Walichimba mpaka wapi?"

"Mpaka kwangu. Mmoja alinigonga hapa kwa bega." Alionyesha bega la kulia, ambapo ovaroli ilikuwa imechanika. "Akaita mwenzake. Wakachungulia wote wawili. Nikafikiria, basi, leo ndiyo leo, Min Celine, mama wa mtoto wangu, ataniona mchana."

"Halafu?"

"Wakavua kofia. Wakaomba kidogo. Halafu wakasogeza shimo."

Jerusa alichukua birika. Miaka yote aliyoomba mtu achimbe pale, na sasa walikuwa wamechimba, wakamfikia, na wakamwekea nguzo pembeni. Alimimina chai, akaweka maziwa ya kutosha. Omollo alinyoosha mkono wa kulia kwa mazoea. Bega halikushika. Kikombe kiliinama, chai ikamwagika sakafuni, ikapita chini ya mlango hadi kwenye kizingiti.

"Pole," Omollo alisema, akiinama kutafuta kitambaa. "Nimemwaga. Nimemwaga mlangoni kwako."

"Wacha," Jerusa alisema. "Mwaga tu, Wuon Celine. Mwaga hapa hapa."

Alimjazia kikombe kingine na kumwekea upande wa kushoto. Walikunywa mpaka king'ora kilipolia, naye akafunga vifungo, akaivuka ile chai iliyomwagika na kurudi kwenye chai. Jerusa hakupangusa. Asubuhi kulikuwa na alama nyekundu kwenye saruji, na ilikuwepo bado siku wageni wa kwanza walipofika na simu zao kuuliza njia ya kwenda bustanini. Aliwaonyesha kwa kidole, akawaomba wapite pembeni.